Mitaka, Jumapili hadi Jumamosi: stesheni ya wanaotaka kiti

Jumapili jioni

Mitaka iko magharibi mwa jiji la Tokyo, kwenye njia ya reli ya Chuo: kilomita 24.1 kutoka stesheni kuu ya Tokyo na kilomita 13.8 kutoka Shinjuku, ambako wengi wa abiria wake huelekea kila asubuhi. Kwenye vibao ina alama mbili. JC12 ni ya treni za haraka zenye mstari wa rangi ya chungwa, na JB01 ni ya treni za manjano zinazosimama kila kituo. Hiyo 01 uitazame vizuri, kwa maana treni za manjano zinaanzia hapa zikiwa tupu. Za chungwa nyingi hutoka mbali, Takao au Ome, na zikifika Mitaka asubuhi zimeshajaa. Karibu kila jambo la maana kuhusu stesheni hii linatokana na tofauti hiyo.

Jumapili jioni ni wakati mzuri wa kuisoma stesheni, kwa sababu hakuna anayekusukuma. Mageti yako ghorofani, juu ya reli, na majukwaa yako chini. Kuna majukwaa matatu ya katikati, kila moja likiwa na reli pande zote mbili, jumla njia sita. Ukihesabu kuanzia kusini, namba 1 na 2 ni za treni za kila kituo, 3 na 4 ni za treni za haraka zinazokwenda magharibi, 5 na 6 ni za treni za haraka zinazokwenda Shinjuku na Tokyo. Njia nne za reli zinazotoka mjini, mbili za haraka na mbili za kila kituo, zinaishia hapa tangu 1969. Kuendelea magharibi zinabaki mbili tu.

Lango la kusini linakutoa kwenye mji wa Mitaka, la kaskazini kwenye mji wa Musashino, kwa hiyo hata anayeegesha baiskeli vibaya anaandamwa na halmashauri tofauti kulingana na upande. Chini ya stesheni unapita mfereji wa Tamagawa, uliochimbwa 1653 kuleta maji Edo, jina la zamani la Tokyo, kutoka Hamura, urefu wa kilomita 43. Stesheni yenyewe ilifunguliwa 25 Juni 1930. Reli ilikuwa imeshapita hapa tangu 1889, ikiwa imenyooka kama uzi kwa zaidi ya kilomita 20.

Kazi ya leo ni kadi. Anayenunua kadi Jumatatu asubuhi anajitafutia foleni asiyoihitaji. Suica, kadi ya kulipia nauli kwa kugusa, ikiwa ya kawaida ina dhamana ya yeni 500 ndani ya bei yake, na haipokei salio linalozidi yeni 20,000. Mashine za kuongeza salio zinakubali noti, na nyingi zina kitufe cha kubadili lugha. Kwenye geti usiipitishe kadi hewani kwa mbio. Iguse kwenye sehemu inayong'aa, uiache kidogo, kisha uiondoe. Sehemu hiyo imeinamishwa makusudi kuelekea kwa abiria ili mkono ugeuke wenyewe kugusa badala ya kupunga.

Geti likifunga, sababu huwa ni moja kati ya tatu: salio halitoshi, kuna kadi mbili kwenye pochi moja na mashine imeshindwa kuchagua, au safari iliyopita haikufungwa vizuri wakati wa kutoka. Salio pungufu hurekebishwa kwenye mashine ya kulipia nyongeza iliyo ndani ya mageti. Hayo mawili mengine mpelekee mhudumu kwenye dirisha la pembeni. Usirudi nyuma kwenye geti lilelile, watu wanakuja kwa mwendo wa mtu mmoja kila sekunde. Ukiingia kisha ukatoka stesheni hiyohiyo bila kusafiri, tangu Machi 2021 kadi hukatwa ada ya kuingia jukwaani, mradi hujapitisha saa mbili.

Jumatatu asubuhi

Kati ya saa 1:30 na saa 3 asubuhi ndipo utaona stesheni inavyofanya kazi. (Ratiba za Japani zinaandika 7:30 na 9:00. Ratiba ya jukwaani ina safu ya saa upande wa kushoto na dakika upande wa kulia. Tafuta saa kwanza, kisha dakika.)

Jukwaa la 5 na 6. Treni ya haraka inaingia upande mmoja, milango inafunguka, na kabla haijaondoka nyingine inaingia upande wa pili. Mbinu hii ya kupokezana pande inatumika pia Shinjuku, na ndiyo inayowezesha treni kufuatana kwa kama dakika mbili. Bila hiyo, treni ya nyuma ingesimama nje ya stesheni ikisubiri milango ya ile ya mbele ifungwe, na sekunde 20 za mtu mmoja aliyebanwa na begi zingerudi nyuma hadi Tachikawa, mbali huko magharibi. Kwa abiria maana yake ni kwamba treni inayofuata huenda isiwe upande uliosimama. Soma ubao kabla ya kuchagua mstari.

Behewa lina milango minne kila upande. Alama za kusimama zimechorwa sakafuni, na watu husimama mistari miwili au mitatu kwa kila mlango. Mlango ukifunguka, foleni hugawanyika kushoto na kulia, wanaoshuka hupita katikati, ndipo wanaopanda huingia. Begi la mgongoni huvaliwa mbele au kuwekwa kwenye rafu ya juu.

Kwa kipimo kinachotumiwa na wizara ya uchukuzi ya huko, asilimia 100 ya msongamano ni kila mtu kuwa na kiti, kishikio au nguzo. Asilimia 150 bado unaweza kufungua gazeti. Asilimia 180 unalikunja ndipo usome. Asilimia 200 miili inagusana na kukandamizana. Kabla ya korona, mwaka 2019, treni za haraka za Chuo zilipimwa asilimia 184 katika saa ya kilele kati ya Nakano na Shinjuku. Msongamano ulipungua sana janga lilipoingia, kisha ukaanza kupanda tena. Kwa mtu mfupi, shida yenyewe ni vishikio, maana katikati ya mlango na mlango havipo vya kutosha. Jisogeze mbele ya viti, usibaki mlangoni. Wanaobaki mlangoni ndio hulazimika kushuka na kupanda kila kituo.

Behewa namba 1, la upande wa Tokyo, ni la wanawake pekee siku za kazi asubuhi, kwa treni zinazofika Shinjuku kati ya saa 1:30 na saa 3:30. Watoto wa shule ya msingi, watu wenye ulemavu na wasaidizi wao wanaruhusiwa. Alama yake ni ya waridi, ipo sakafuni na kwenye vioo. Mwanaume aliyechelewa akarukia mlango wa mwisho wa mbele mara nyingi hujikuta humo. Anachotakiwa kufanya ni kuhamia behewa la pili kwa ndani, bila maelezo marefu.

Sasa hesabu inayowashinda wageni wengi. Siku za kazi, treni ya "haraka" kati ya Mitaka na Shinjuku inasimama Kichijoji, Nishi-Ogikubo, Ogikubo, Asagaya, Koenji na Nakano. Inayosimama kila kituo inasimama hapo kote, ikaongeza vituo viwili tu: Higashi-Nakano na Okubo. Yaani neno "haraka" linakuokolea vituo viwili. Mchana ya haraka huchukua kama dakika 20, ya manjano dakika chache zaidi, na asubuhi tofauti hiyo hupungua kwa sababu treni za haraka hutambaa zikifuatana. Kwa dakika hizo chache unakaa kitini safari nzima. Anayeshuka Shinjuku na kupanda ya haraka Mitaka asubuhi ana sababu moja tu ya kueleweka: behewa lake linatua mbele kabisa ya ngazi anazozihitaji.

Kiti nacho kina utaratibu wake. Kwenye jukwaa la 1 na 2 kuna foleni mbili kwa kila mlango: ya treni inayoondoka sasa na ya treni inayofuata. Ya kwanza ikishaingia ndani, ya pili husogea kwenye alama zake kwa pamoja, bila mtu kuruka nafasi. Behewa la kati lina viti 54: mabenchi sita ya watu saba na manne ya watu watatu kwenye ncha. Gawanya kwa milango minne, kila mlango unapata viti kumi na tatu na kitu. Mistari ikiwa mitatu, safu nne za kwanza zinakaa bila wasiwasi na safu ya tano inabahatisha. Ukiwa safu ya sita, hamia foleni ya treni inayofuata mapema kabla nayo haijarefuka.

Baadhi ya viti vya watu watatu kwenye ncha ni vya wazee, wajawazito, wagonjwa, wenye ulemavu na wenye watoto wachanga. Nguzo mbili hugawanya benchi la watu saba kuwa wawili, watatu, wawili. Mtu akikaa katikati ya nafasi mbili, nguzo humsuta kabla hujafungua mdomo.

Kabla ya kupanda treni tupu iliyoingia, hakikisha ni ya abiria. Baadhi zikishusha watu huenda kwenye yadi ya kulala treni iliyo magharibi mwa stesheni, na ubao wa mbele huonyesha 回送. Ukiziona herufi hizo mbili, baki jukwaani.

Jumanne

Majukwaa ya kila kituo yana mtego mmoja, nao ni mkubwa. Kutoka 1 na 2 zinaondoka treni za aina mbili. Zenye mstari wa manjano huenda Shinjuku, Akihabara na kuendelea hadi Chiba, kilomita 60.2. Zenye mstari wa buluu ya anga ni za njia ya Tozai. Zinatumia reli zilezile hadi Nakano, kisha zinazama chini ya ardhi kuelekea Takadanobaba, Iidabashi, Otemachi na Nihombashi. Hizo za buluu hazifiki Shinjuku kamwe.

Kwa anayefanya kazi Otemachi, hii ndiyo safari bora kuliko zote za stesheni hii: kiti kutoka Mitaka hadi mlango wa ofisi, bila kubadilisha treni. Utaratibu huo ulianza 1966 kwa treni za Tozai kufika Ogikubo, na 1969 zikafika Mitaka. Nauli ni ya kampuni mbili, kwa sababu kuanzia Nakano uko kwenye reli za Tokyo Metro. Kadi inakata yenyewe.

Uliyekosea ukapanda ya buluu kwenda Shinjuku, shuka Nakano. Ukiona giza dirishani umechelewa: uko Ochiai, vuka upande wa pili urudi kituo kimoja.

Jumatano

Siku ya matatizo, na kwenye Chuo yapo ya kutosha kujaza siku yake.

Ubao juu ya mageti ukionyesha 人身事故, mtu amegongwa na treni. Njia husimama, polisi na zimamoto wanafika, na makadirio ya kawaida ya kuanza tena ni kama saa moja. Kabla hujagusa kadi, soma ubao. Ukiwa bado nje ya mageti una uhuru, ukishaingia mambo yako yanakuwa na masharti.

Kwanza tazama kama treni za manjano zinatembea. Kati ya Mitaka na mjini zina reli zake, kwa hiyo mara nyingi zinaendelea wakati za haraka zimesimama. Hazina nafuu pale tukio lenyewe linapozifunga njia zote nne. Tozai nayo katika hali hiyo hukatwa na kugeuzia Nakano, maana yake njia ya chini ya ardhi ni nzima lakini haifiki ulipo.

Pili, mabasi. Kusini yanakwenda Sengawa na Chofu kwenye reli ya Keio. Kaskazini yanakwenda kwenye reli ya Seibu Shinjuku. Kama unakwenda Shibuya, kituo cha Kichijoji kiko kilomita 1.6 tu mashariki, unafika kwa miguu kwa dakika 25 hivi, na njia ya Inokashira inaanzia hapo, kilomita 12.7 hadi Shibuya. Foleni ya teksi siku kama hiyo haifai kungojewa.

Tatu, haki ya kutumia reli nyingine bila kulipa tena. Hapa wengi huteleza. Kampuni zinapotangaza usafiri wa mbadala, mwenye pasi ya miezi au tiketi iliyokwisha kununuliwa anapitishwa bure kwenye reli zilizotajwa. Mwenye kadi inayokatwa salio hahusiki: atalipa nauli ya njia mpya kama kawaida. Ikiwa umeshagusa ukaingia Mitaka na unataka kutoka bila kusafiri kwa sababu ya kusimama kwa treni, mwombe mhudumu afute kuingia kwako. Geti la mashine halijui habari ya ajali.

Nne, karatasi ya kuthibitisha kuchelewa. Hutolewa mageti ya kutokea, na hupatikana pia kwenye tovuti ya kampuni ya reli kwa kila njia na kila kipindi cha siku. Maofisi na shule huipokea. Ichukue hata kama ni dakika tano tu, kwani asubuhi za kawaida dakika hizo huliwa na milango inayofunguliwa mara mbili kwa ajili ya kamba ya begi.

Kitu kikidondoka kwenye reli, usishuke. Mwite mhudumu, ana kijiti kirefu chenye koleo. Spika ndogo za masikioni zisizo na waya zimekuwa shida ya pekee kwa sababu hupotea katikati ya kokoto, na 2020 ilijaribiwa mashine ya kuzifyonza. Asubuhi yenye treni nyingi utaambiwa usubiri hadi pengo lipatikane, na pengo huenda likawa la mchana. Mtu akidondoka ni jambo lingine: bonyeza kitufe chekundu cha dharura kwenye nguzo mara moja, treni zote za karibu zitasimama. Hakuna anayekuadhibu kwa kukibonyeza kwa sababu ya kweli.

Kimbunga hakikuvizii. Siku moja kabla hutangazwa kwamba treni zitasitishwa saa fulani, kama ilivyokuwa Oktoba 2019. Tangazo likitoka, panga kuwa nyumbani saa mbili kabla ya muda uliotajwa, kwa maana nusu ya jiji imepanga saa moja kabla.

Alhamisi mchana

Mchana wa siku ya kazi treni ya haraka iliyokuleta kutoka Shinjuku inaweza kusimama Mitaka dakika kadhaa bila kuondoka. Haijaharibika. Inangoja treni ya haraka maalumu iipite. Upande wa pili wa jukwaa hilohilo la 3 na 4, ile maalumu inaingia, watu wanavuka hatua nne, inaondoka kwanza. Kutoka Shinjuku imesimama Nakano tu kabla ya kufika hapa, na baada ya Mitaka inakwenda moja kwa moja Kokubunji, kisha Tachikawa. Anayekwenda Musashi-Sakai, kituo kinachofuata, abaki alipo. Na anayekwenda Kichijoji kutoka Shinjuku asiipande kabisa, kwa sababu inakipita kituo hicho licha ya ukubwa wake. Asubuhi ipo nyingine, ya haraka maalumu ya wafanyakazi, ambayo haisimami hata Mitaka.

Tangu Machi 2025 treni za haraka ni za mabehewa 12 badala ya 10. Mawili yaliyoongezwa, namba 4 na 5, ni ya ghorofa, yenye viti vya kulala nyuma kidogo na soketi za umeme. Hulipiwa nyongeza: kwa bei zilizowekwa Machi 2024, yeni 750 hadi kilomita 50 ukinunua kwa Suica, yeni 1,010 kwa tiketi ya karatasi. Nunua kabla ya kupanda, kisha ukikaa uguse kadi juu ya kiti. Taa nyekundu inageuka kijani. Ukihama kiti, gusa tena. Tiketi hiyo haikuhakikishii kiti, na kusimama ndani ya behewa hilo nako kunalipiwa. Asubuhi kuelekea mjini, waliopanda Hachioji na Tachikawa wameshavijaza. Kwa Mitaka sioni faida yake upande huo. Jioni kutoka Tokyo, ambako treni inaanzia, hali ni nyingine kabisa. Milango ya mabehewa hayo ya ghorofa ilifanywa mipana, ya kufunguka pande mbili, kwa sababu stesheni ya Tokyo ina njia mbili tu za kugeuzia treni hizi na hakuna muda wa kungoja abiria washuke mmoja mmoja. Choo cha mabehewa ya kawaida kiko namba 6.

Mchana pia ndio wakati wa kumwangalia kondakta. Ananyoosha kidole kwenye ubao, kwenye milango, kwenye taa, na kutamka anachokiona. Jaribio la taasisi ya utafiti wa reli ya Japani mwaka 1994 lilikuta makosa yakishuka kutoka 2.38 kwa kila vitendo 100 hadi 0.38 mtu anaponyoosha kidole na kutamka kwa pamoja.

Magharibi ya stesheni reli inapanda juu ya nguzo. Zamani makutano ya barabara na reli kuelekea Tachikawa yalifungwa muda mrefu asubuhi hadi watu wakayabandika jina la vizuizi visivyofunguka. Kumi na nane yaliondolewa, na kazi ya kuinua reli ikamalizika 2010. Karibu na yadi lilikuwapo daraja la waenda kwa miguu la 1929, lililojengwa kwa vyuma vya reli chakavu. Lilifungwa Desemba 2023 na kubomolewa. Ramani za zamani bado zinawapeleka watu huko. Kwenye yadi hiyo ndiko ilikotoka, 15 Julai 1949, treni isiyo na dereva iliyoingia stesheni kwa kasi na kuua watu sita.

Ijumaa usiku

Kwenye ratiba, safu ya mwisho ni saa 0, yaani saa sita usiku. Treni ya 0:20 baada ya Ijumaa inasomwa kwenye ratiba ya siku ya kazi, ingawa kalenda imeshahamia Jumamosi. Anayesoma ratiba ya mwisho wa juma kwa saa hiyo anatafuta treni isiyokuwepo. Machi 2021 treni za mwisho zilianza kuondoka mapema zaidi kwa kama nusu saa, basi kumbukumbu za miaka ya nyuma zisitegemewe.

Hatari ya Ijumaa ni usingizi. Treni ya haraka ukiipanda Shinjuku ukalala, inakufikisha Takao, kilomita 29 kupita Mitaka, chini ya milima, na nyingine huendelea hadi Otsuki, kilomita 87.8 kutoka Tokyo. Ikiwa ndiyo ya mwisho, hakuna ya kurudi. Dawa ni ileile ya asubuhi kwa sababu nyingine: panda ya manjano inayokwenda Mitaka. Inaishia hapo, taa zinawashwa na kuzimwa, mhudumu anagonga kioo, unaamshwa ulipotaka kuamka. Teksi kuanzia saa 4 usiku hadi saa 11 alfajiri ina nyongeza ya asilimia 20.

Jumamosi

Leo ratiba inabadilika, na jina "haraka" linapata maana. Jumamosi, Jumapili na sikukuu, treni za chungwa hazisimami Koenji, Asagaya wala Nishi-Ogikubo. Aliyezoea kushuka Asagaya wiki nzima anajikuta Nakano. Kwa vituo hivyo vitatu, mwisho wa juma ni treni za kila kituo tu, za manjano au za buluu. Behewa la wanawake halipo.

Wageni wengi wa leo wanakwenda jumba la makumbusho la Ghibli, studio ya filamu za katuni, lililofunguliwa 2001. Tiketi haziuzwi mlangoni. Hutolewa tarehe 10 ya kila mwezi, saa 4 asubuhi ya Japani, kwa mwezi unaofuata, na kila tiketi ina muda wake wa kuingia. Kila Jumamosi kuna familia inayofika bila tiketi na kugeuka. Toka lango la kusini, basi liko kituo namba 9. Kwa miguu ni kama dakika 15 ukiufuata mfereji wa Tamagawa, maji yakiwa chini kabisa kwenye korongo jembamba lililofunikwa na miti. Mwenye kigari cha mtoto atumie lifti, kisha achague basi. Njia ya mfereji ni nyembamba na baiskeli nazo hupita humo.

Kurudi, wengi hupita bustani ya Inokashira hadi Kichijoji badala ya kurudi Mitaka. Matembezi ni mazuri na maduka ni mengi zaidi. Ila wakumbuke mambo mawili: Kichijoji ni kituo cha pili cha treni ya manjano, kwa hiyo jioni viti vimeshachukuliwa, na ile ya haraka maalumu itawapita mbele ya macho bila kupunguza mwendo. Mwenye watoto waliochoka ni afadhali asubiri basi la kurudi Mitaka, ashuke jukwaa la 1 na 2, asome ubao kuona ipi inatangulia, kisha apange foleni ya ile inayofuata.